Mfumo unasema pasipoti ya baba haipo, na yeye ameishika mkononi

BintiMwashi

Wakuu, habari za jioni. Naomba msaada kabla sijaitupa hii kompyuta dirishani.

Baba yangu ana pasipoti iliyobakiza miezi minne. Anatakiwa kwenda kwa kaka yangu ng'ambo, kumwona mjukuu ambaye mpaka leo anamjua kwa video tu. Tulipotaka kukata tiketi tukaambiwa huko anakokwenda wanataka pasipoti yenye uhai wa miezi sita kuanzia siku ya kuingia, kwa hiyo aliyonayo haimfikishi. Mzee hakulielewa hilo na sidhani kama amelielewa hadi sasa. Anasema kitabu kina miezi minne, safari yenyewe wiki tatu, sasa mnakizika kikiwa hai kwa kosa gani?

Basi nikajitwika. Maombi yanafanyika kwenye tovuti ya serikali, mwombaji anakwenda ofisini siku moja tu kutoa alama za vidole. Ukurasa wa kwanza umeandika "dakika ishirini". Mimi hii ni siku ya nne.

Mzee yuko mbali nami. Alimwomba kijana wa jirani aupige picha ule ukurasa wenye sura yake, nikatumiwa. Mwanga wa flashi umepiga pale juu penye namba, panang'aa tu kama kioo. Nikasema si neno, namba ipo pia kule chini kwenye ile mistari miwili yenye vialama vya mshale. Nikainakili kutoka huko. Mfumo ukajibu: "Taarifa za pasipoti hazijapatikana." Nikarudia. Nikaweka O mahali pa sifuri, nikaweka sifuri mahali pa O. Mara ya tano ukanifungia hadi kesho yake. Kurasa nyingine unaniruhusu kuzijaza, lakini huo wa pasipoti ya zamani umebaki na alama nyekundu.

Halafu jina. Ukoo wetu unaanza na Ng', ile ya king'ong'o. Nikiandika na kile kialama chake naambiwa "herufi zisizoruhusiwa". Nikikiacha, naogopa atakuwa mtu mwingine. Na kwenye pasipoti yenyewe juu kialama kipo, chini kwenye ile mistari hakipo. Yaani kitabu kimoja kinamwita mzee majina mawili.

Picha nayo imekataliwa mara tatu. Kwanza "aina ya faili haikubaliki", kisha "ubora hafifu", kisha "uso hauonekani vizuri". Uso hauonekani! Na mzee alikaa mbele ya ukuta mweupe pee, amevaa shati jeupe alilolipiga pasi mwenyewe.

Mwisho, malipo. Benki wamekata, ujumbe ninao, lakini mfumo tangu juzi unaandika "yanasubiriwa". Nilipe tena?

Akaunti nimefungua kwa barua pepe yangu na namba yangu, maana mzee hana barua pepe. Kama hilo nalo ni kosa niambieni tu, nimeshazoea. Na baba amekuwa mwashi miaka zaidi ya thelathini, saruji imemla vidole hadi vimekuwa laini kama sabuni. Hiyo siku ya alama sijui itakuwaje.

Kipepeo77

Dada, mateso yote hayo ya nini? Tafuta kijana wa kujaza fomu, mpe picha na cheti, ukalale. Mimi yangu nilijaziwa kwa dakika kumi, sikugusa hata kitufe.

Zuhura_B

Kipepeo usimponze mwenzio. Mimi ndiye niliyelala.

Kijana aliyenijazia aliweka barua pepe yake na namba yake ya simu. Hakuwa na nia mbaya, ndivyo anavyowafanyia wote. Tarehe yangu ya kwenda kutoa alama za vidole ikatumwa kwake, katikati ya jumbe za watu wengine hamsini. Nilikuja kujua ilipokwisha kupita wiki tatu. Nikitaka kuingia mwenyewe, nenosiri analo yeye. Nikibonyeza "nimesahau nenosiri", namba ya uthibitisho inaenda kwake. Na cheti changu cha kuzaliwa kimebaki kwenye kompyuta ambayo sijui leo anaikalia nani. Nilianza ombi jipya kutoka mwanzo.

Kwa hiyo BintiMwashi umefanya vyema kujaza mwenyewe. Ila mfungulie mzee barua pepe yake, wewe utunze nenosiri, na uweke namba ya simu iliyo mkononi mwake. Namba ya uthibitisho ikija atakusomea. Ukiweka yako, nawe mwenyewe kesho ukiomba pasipoti kwenye mfumo huohuo unaweza kuambiwa namba hii imeshatumika.

Malipo: USILIPE TENA. Benki kukata fedha ni jambo moja, taarifa ya malipo kufika kwenye mfumo na kubandikwa kwenye ombi lako ni jambo lingine. Kinachoviunganisha ni ile namba ya malipo uliyopewa na mfumo. Ilinganishe na iliyoandikwa kwenye ujumbe wa benki, tarakimu kwa tarakimu. Zikifanana, subiri, kisha waandikie ukiambatisha ujumbe huo. Zikitofautiana, fedha zako ziko mahali zinatangatanga na benki ndio wa kwanza kuulizwa. Ukilipa mara mbili, utakuwa na kazi ya kudai, na kudai ni polepole kuliko kulipa.

Halafu, uliifikaje hiyo tovuti? Kama ni kwa kutafuta kwenye intaneti na kubonyeza la kwanza, rudi ukaangalie. Juu kabisa mara nyingi hukaa matangazo ya watu binafsi wanaokutoza kukujazia fomu ileile, na wengine ni matapeli kabisa. Anwani isome kuanzia mwisho wa jina la tovuti, pale kabla ya alama ya mkwaju (/) inayofuata jina hilo, ukirudi nyuma. Neno "gov" au "go" likikaa mwanzoni halafu mwisho ukawa ni kampuni, hiyo si serikali hata ingekuwa na nembo ya taifa ukurasa mzima.

BintiMwashi

Anwani iko sawa, nimeikagua. Ya malipo da Zuhura umenichelewa kwa saa moja. Nimeshalipa tena. Msinicheke.

BabuLenzi

Mwanangu, hakuna wa kukucheka. Acha nikusaidie kwa ninachokijua. Nimepiga picha za pasipoti tangu enzi za filamu.

Hebu niambie: ile picha ya kwanza ilipigwa kwa simu gani, na jina la faili liliishia na nini?

BintiMwashi

Shikamoo babu. Ilipigwa kwa iPhone ya yule kijana. Iliishia na .heic. Nikabadilisha mwisho wa jina nikaandika .jpg, bado ikakataliwa.

BabuLenzi

Marahaba. Nilijua. Kubadili jina hakubadili kilichomo. Ukiandika "sukari" kwenye kopo la chumvi, chai itakuumbua. Simu hizo tangu 2017 huhifadhi picha kwa HEIC, na mifumo mingi ya serikali inataka JPEG. Kwenye mipangilio ya kamera ya simu hiyo kuna sehemu ya kuchagua umbizo, yaani aina ya faili. Achague lile linalokubalika kwingi, kisha apige upya.

Ya pili ilikataliwa kwa ubora kwa sababu, nadhani, ulitumiwa kama picha ya kawaida kwenye programu ya ujumbe. Programu hizo huibana picha ili isafiri haraka, na ikifika kwako imepungua. Mwambie aitume kama faili, si kama picha.

Ya tatu ndiyo inayoniuma. Umesema ukuta mweupe pee na shati jeupe. Mzee ni mweusi?

BintiMwashi

Kama mimi, babu. Mweusi tii.

BabuLenzi

Basi kosa si la uso wake. Kamera ya simu ikiona weupe mwingi hudhani mwanga umezidi, inapunguza. Ukuta unapendeza, mtu anazama gizani. Yule kijana akiisha kumweka mzee kwenye fremu, aguse uso wa mzee kwenye kioo cha simu kwa kidole. Patatokea kimraba na kijua kidogo pembeni. Akisogeze kijua juu polepole hadi mikunjo ya paji la uso ionekane. Ukuta ukizidi weupe kidogo si shida, aache.

Mzee akae akitazama dirisha, mchana, pasipo jua la moja kwa moja. Asiegemee ukuta. Atoke mbele yake hatua moja na nusu ili kivuli chake kianguke sakafuni badala ya kuning'inia nyuma ya masikio. Mpigaji naye asimsogelee sana. Simu ikiwa karibu pua inavimba na masikio yanakimbilia nyuma, na zile programu za kulinganisha sura zinaweza kupotoshwa na hilo. Shati jeupe livuliwe. Kwenye ukuta mweupe mabega yanayeyuka, kinabaki kichwa kinachoelea. Avae la rangi iliyokolea.

Asitumie ile kamera ya mbele ya kujipiga, wala zile pambo za kulainisha ngozi. Mzee ana mikunjo, iache. Akiwa na miwani aivue. Marekani kwa mfano wameikataza kwenye picha za pasipoti tangu Novemba 2016, na wengine wengi hawaitaki.

Kipimo fuata kilichoandikwa kwenye fomu yenu. Nchi nyingi ni milimita 35 kwa 45, Marekani ni 51 kwa 51. Usikate picha kwa makisio, na usiivute ili ienee. Mtu aliyevutwa huonekana, hata mashine huona.

Msomahati

Nimesoma swali lote na nadhani najua pasipoti ilikopotelea. BintiMwashi, hesabu: hiyo namba uliyoinakili kutoka chini ina vibambo vingapi? Usiitaje hapa, hesabu tu.

BintiMwashi

Kumi.

Msomahati

Tisa ndiyo namba. Cha kumi si cha namba.

Nieleze, maana hili linawaangusha wengi. Ile mistari miwili ni ya mashine kusoma. Kila mmoja una vibambo 44, ni herufi kubwa, tarakimu na kile kialama cha < tu, hakuna kingine. Muundo wake ni mmoja dunia nzima, umewekwa na ICAO, shirika la kimataifa la usafiri wa anga. Ndiyo maana zile pasipoti za kuandikwa kwa mkono ziliondoka: shirika hilo liliweka tarehe 24 Novemba 2015 kuwa ukomo wa zile ambazo mashine haiwezi kuzisoma.

Mstari wa chini huanza na nafasi tisa za namba ya pasipoti. Kama namba ya nchi yenu ni fupi kuliko hapo, nafasi zilizobaki hujazwa <. Kinachofuata, cha kumi, ni tarakimu ya ukaguzi. Kazi yake ni kuichunga ile namba.

Tazama mfano ambao ICAO wenyewe huutumia kwenye mwongozo wao, wa nchi ya kubuni iitwayo Utopia: L898902C36UTO. Namba ya pasipoti ni L898902C3. Ile 6 inapatikana hivi: kila herufi inapewa thamani, A ni 10, B ni 11, hadi Z ambayo ni 35. Kisha unazidisha kwa 7, 3, 1, 7, 3, 1 hadi mwisho. L ni 21, mara 7 ni 147. 8 mara 3 ni 24. 9 mara 1 ni 9. 8 mara 7, 56. 9 mara 3, 27. Sifuri, sifuri. 2 mara 7, 14. C ni 12, mara 3 ni 36. 3 mara 1, 3. Jumla 316. Gawanya kwa 10, inabaki 6. Ndiyo hiyo.

Sasa mtu akisoma ile sifuri kama O, O ni 24, jumla inakuwa 340, inabaki 0 badala ya 6, mashine inajua hapo pamekosewa. Unaweza kuipigia hesabu ya baba yako kwa kalamu ukajua kama ulichokiona ni O au sifuri, bila kufungiwa na mfumo. Nimeshafanya hivyo kwa nakala iliyofifia na ikanitoa.

Kwa hiyo andika tisa, acha cha kumi, na kama kuna < mwishoni usiiandike. Naweka rehani kofia yangu kuwa itapatikana.

Kuhusu Ng'. Baba yako hana majina mawili. Kwenye mistari ya mashine kialama hicho hakina nafasi, kwa hiyo kanuni inasema kinaondolewa na herufi zinasogeleana bila pengo. Kistari cha katikati ya majina, chenyewe hugeuzwa kuwa <. Juu mtu husoma, chini mashine husoma, na wote wanajua ni yuleyule. Tiketi kateni bila kialama, kama ilivyo kule chini.

Lakini kwenye fomu jaribu jambo moja kabla hujakiacha. Ulikiandika wapi? Kama ulikinakili kutoka kwenye waraka wa kompyuta au umekibonyeza kwenye simu, kuna uwezekano ni kile kilichopinda kama mkia, si kile kilichosimama wima. Kwa macho ni ndugu, kwa mfumo ni wageni. Futa, kisha uandike kutoka kwenye kibodi ya kompyuta moja kwa moja. Kikiruhusiwa, jina liwe sawasawa na lilivyo kwenye ukurasa wa pasipoti ya sasa. Wakati wa kuhuisha si wakati wa kurekebisha tahajia. Ukibadili hata herufi moja wanaweza kukuhesabu kuwa unaomba kubadili jina, na hiyo ni njia nyingine yenye nyaraka zake.

Vidole vya mzee visikunyime usingizi. Kwenye pasipoti ya kielektroniki kilicho cha lazima kwa mujibu wa ICAO ni sura. Alama za vidole kila nchi inaamua, na ofisini wanaona mafundi kila siku: wanajaribu kidole kingine, wanaandika kidole fulani hakisomeki. Wiki moja kabla asiguse saruji, apake mafuta mikono kila usiku, asubuhi ya siku hiyo anawe mafuta yote yatoke.

BintiMwashi

IMEPATIKANA. Tisa, bila cha kumi. Alama nyekundu imekuwa kijani na nimepiga kelele hadi jirani kagonga ukuta.

Na kialama nacho kimekubali! Nilikuwa nakinakili kutoka kwenye barua niliyoandika zamani. Msomahati kofia yako ibaki kichwani.

Picha imekubaliwa jana. Kijana alisema mzee aligoma kuvua lile shati jeupe hadi aliposomewa maneno ya babu kuhusu kichwa kinachoelea. Sasa amevaa la bluu na ametoka kama waziri.

Kipepeo77

Nimenyamaza lakini nasoma. Nimeenda kuangalia akaunti yangu, kweli barua pepe si yangu.

Zuhura_B

Mfuate leo hii, kabla hajabadilisha simu.

BintiMwashi, jambo moja ambalo sijaona umeuliza. Hakuna kinachoongezwa kwenye kitabu cha zamani, mzee atapewa kingine, na mara nyingi namba inakuwa mpya. Kama ana viza kwenye cha zamani, uliza ubalozi husika kama inatumika ikiwa ndani ya kitabu kilichofutwa, maana wapo wanaokubali ubebe vyote viwili na wapo wasiokubali. Na mkishawasilisha ombi asijaribu kusafiri na kile cha zamani. Kinaweza kuwa kimeshafutwa kwenye kompyuta huku mkononi kikionekana kizima.

BintiMwashi

Narudi kutoa taarifa, imepita kama wiki tano.

Vidole: mkono wa kulia kidole gumba kilikataa kabisa. Ofisa alikifuta kwa kitambaa, akakigandamiza, akajaribu mara nne, akaandika kitu, akahamia cha pili. Dakika kumi wamemaliza. Mzee alitoka akiniambia kwa simu kwamba amemweleza yule binti wa ofisini jinsi ya kuchanganya zege.

Kitabu kipya kimetoka. Namba mpya kama alivyosema da Zuhura. Viza hakuwa nayo bado, kwa hiyo tunaanzia kwenye kipya. Cha zamani wamemrudishia kimekatwa kona. Amenipigia video akiwa amekishika, kidole kwenye ile kona, akasema, "Unaona? Kilikuwa kizima, wamekijeruhi wao."

Malipo ya kwanza yalisoma siku ya sita, namba zilikuwa sawa, ningesubiri tu. Ya pili nimeandika barua ya kudai, nikaambatisha ujumbe wa benki, wamenijibu kuwa ombi langu limepokelewa. Aliyewahi kurudishiwa aniambie alisubiri muda gani.